Wengi wa Nani? Ridhaa ya Watu katika Mizozo ya Mamlaka juu ya Ardhi

Hotuba iliyotolewa mjini Lamu

Waheshimiwa wazee wetu, masharifu na maulamaa, walimu, mama zetu, ndugu zangu wa Amu na Shela, nanyi mliovuka maji kutoka Pate, Faza na Kiunga, pamoja na vijana mliosimama huko nyuma kwa kukosa viti: Assalaam aleikum warahmatullahi wabarakatuh.

Nimeombwa nizungumzie swali ambalo kila mmoja wetu amewahi kulisikia likijadiliwa barazani. Dola mbili, au serikali na baadhi ya raia wake, zinapogombania kipande cha nchi, je, kuwauliza wakaazi wa kipande hicho wanataka nini kunatosha kumaliza ugomvi? Jibu la haraka ni kwamba kunatosha, kwa sababu wahenga wamesema wengi wape. Sina ugomvi na wahenga. Lakini methali hiyo iliwahusu watu waliokwisha kukaa pamoja na kujuana, ilhali mizozo ya mamlaka huanza kabla ya kufika hapo. Katika mirathi, hakuna kadhi anayegawa nyumba kabla warithi hawajatajwa mmoja mmoja na kuthibitishwa. Akikosea katika kuwataja, basi hesabu yake ya mafungu, hata ikiwa sahihi mpaka senti ya mwisho, ni dhuluma. Ridhaa ya wengi nayo iko hivyo hivyo: kabla ya kuuliza wengi wanataka nini, ni lazima ijulikane ni wengi wa nani, na ni nani aliyeamua kwamba hao ndio wahesabiwe.

Nitaanza na majirani zetu wa Komoro, ambao si wageni kwa mji huu, kwa kuwa Habib Swaleh aliyeanzisha msikiti na chuo cha Riyadha alizaliwa huko, na wengi mlio hapa mna jamaa Ngazija. Tarehe 22 Desemba 1974 Wakomoro walipiga kura kuamua kama wataachana na Ufaransa. Katika visiwa vinne kwa jumla, zaidi ya asilimia 90 walitaka uhuru. Lakini Maore, kisiwa ambacho Wafaransa hukiita Mayotte, zaidi ya asilimia 60 walikataa. Kura ni moja na siku ni moja, lakini wengi ni wa aina mbili: ukivihesabu visiwa vinne kama nchi moja, uhuru umeshinda visiwa vyote, ukihesabu kisiwa kimoja kimoja, umeshindwa Maore. Bunge la Ufaransa likachagua hesabu ya pili baada ya matokeo kujulikana. Komoro ikajitangazia uhuru tarehe 6 Julai 1975, na Umoja wa Mataifa ukaipokea mwezi Novemba mwaka huo ikiwa nchi ya visiwa vinne, huku bendera ya Ufaransa ikiendelea kupepea Maore.

Watu wa Maore wameulizwa tena mara kadhaa. Februari 1976 walijibu kwa takriban asilimia 99 kwamba wabaki na Ufaransa, na Machi 2009 asilimia 95 ya waliopiga kura walitaka kisiwa kiwe mkoa kamili wa Ufaransa, jambo lililotimia mwaka 2011. Anayesema kwamba watu hao hawana haki ya kujiamulia ana kazi kubwa mbele yake, maana wamejiamulia waziwazi. Anayesema kwamba mambo yamekwisha naye ana kazi, maana tangu mwaka 1995, Ufaransa ilipoweka masharti ya viza kati ya Maore na visiwa vingine, watu wa Nzwani wamekuwa wakivuka kwa mashua ndogo usiku, umbali wa kilomita 70 hivi, na wengi wamezama. Tena ile kanuni ya kuhesabu kisiwa kimoja kimoja haikubakia Maore. Mwaka 1997 Nzwani nayo ilitangaza kujitenga na Komoro, na baadhi ya viongozi wake wakaomba warudi chini ya Ufaransa, ambayo safari hii haikuwataka. Ikiwa kisiwa ndicho kipimo, kwa nini kiwe kipimo kwa mmoja na kisiwe kwa mwingine? Sijasikia jibu lisilotegemea maslahi ya anayejibu.

Nimekaa Komoro kidogo kwa sababu iko karibu nasi, lakini mfano ninaotaka mwondoke nao uko mbali zaidi, nao ni Ireland. Katika uchaguzi wa mwaka 1918, kisiwa kizima cha Ireland kikiwa bado chini ya Uingereza, chama cha Sinn Féin kilichotaka kujitenga kilipata viti 73 kati ya 105. Ukikihesabu kisiwa kizima, wengi walikuwa wametoa kauli yao. Lakini kaskazini-mashariki waliishi Waprotestanti waliotaka kubaki na Uingereza, na sheria ya mwaka 1920 ikakigawa kisiwa. Jimbo la kale la Ulster lilikuwa na kaunti tisa, ila zilizochukuliwa ni sita, kwa kuwa katika tisa wingi wa Waprotestanti ungekuwa mwembamba mno, na katika sita ulikuwa wa kutegemewa. Hapa mstari ulichorwa ukiwafuata wengi waliotakiwa wapatikane. Wakatoliki wachache waliobaki ndani ya mstari huo waliambiwa kwa miaka 50 kwamba demokrasia imekwisha kusema.

Tarehe 8 Machi 1973, damu ikiwa inamwagika, serikali ya Uingereza iliitisha kura ya maoni katika zile kaunti sita. Wanaotaka Ireland moja waliisusia. Matokeo yalikuwa asilimia 98.9 wakitaka kubaki na Uingereza. Kura hiyo haikutuliza hata mtaa mmoja wa Belfast, na kabla vita havijakwisha watu zaidi ya 3,500 walikuwa wamekufa.

Sasa linganisheni na tarehe 22 Mei 1998. Mkataba wa Ijumaa Kuu ulikuwa umefikiwa mwezi mmoja nyuma, tarehe 10 Aprili, na siku hiyo zilipigwa kura mbili, moja kila upande wa mpaka. Kaskazini, asilimia 71.1 waliukubali mkataba, na waliojitokeza walikuwa asilimia 81 ya wapiga kura. Kusini, asilimia 94.4 walikubali katiba yao ibadilishwe, vifungu vya 2 na 3 vilivyokuwa vikidai kaskazini kuwa sehemu ya nchi yao viandikwe upya, na muungano uje tu kwa ridhaa ya wengi wa pande zote mbili. Naomba mlitazame jambo hilo kwa makini, kwa sababu ndiyo hoja yangu yote. Watu wa kusini walikuwa wakiamini kwa vizazi kwamba daftari halali la wapiga kura ni la kisiwa kizima. Mwaka 1998 walikubali, kwa kura zao wenyewe, kwamba hatima ya kaunti sita iamuliwe kwanza na wakaazi wa kaunti sita. Mstari uliochorwa bila wao mwaka 1920 wao wenyewe wakaupa uhalali ambao haukuwa nao. Ndiyo maana naipima ile asilimia 71.1 kuwa nzito kuliko asilimia 98.9 ya mwaka 1973.

Mkataba huo una mambo mengine mawili ambayo ni rahisi kuyapita. Kwanza, swali halikufungwa. Waziri wa Uingereza anayehusika na Ireland ya Kaskazini anawajibika kuitisha kura endapo itaonekana kwamba huenda wengi sasa wanataka kuungana na kusini, na kura ikishapigwa hairudiwi kabla ya miaka saba kupita. Aliyeshindwa leo anajua mlango uko wapi na funguo ni zipi, kwa hiyo ana sababu ya kuweka silaha chini na kuanza kushawishi majirani. Pili, mtu wa kaskazini ana haki ya kujitambulisha kuwa Mwingereza, au Mwairelandi, au vyote viwili, na haki hiyo haiondoki hata mamlaka yakibadilika mikono. Wengi wanaweza kuamua bendera ya kupeperushwa, lakini hawana ruhusa ya kumwamulia jirani yao yeye ni nani.

Nadhani sasa mnaelewa kwa nini natahadhari na ushindi wa asilimia 99. Gibraltar mwaka 1967 ilipiga kura 12,138 za kubaki na Uingereza dhidi ya 44 za kwenda Hispania. Visiwa vya Falkland mwaka 2013 vilipata kura 3 tu za kukataa kubaki chini ya Uingereza. Sisemi kwamba watu hao walilazimishwa. Nasadiki walisema la moyoni. Lakini si Hispania wala Argentina iliyobadili dai lake kwa kura hizo, kwa kuwa hoja yao haikuwa juu ya kile ambacho wakaazi wanakitaka, bali juu ya jinsi wakaazi hao walivyofika hapo. Mimi mwenyewe naona kwamba watu walioishi mahali kwa karibu karne mbili hawawezi kuambiwa kuwa ni wapita njia, na hata sisi wa pwani hii tungejiuliza tumeanza kuhesabiwa lini. Hata hivyo, kura ambayo upande mmoja haukukubali daftari lake hudhihirisha tu msimamo wa wakaazi.

Kuna mahali ambapo ugomvi wa daftari umezuia hata kura yenyewe. Mahakama ya Kimataifa ya Haki ilitoa maoni yake kuhusu Sahara Magharibi mwezi Oktoba 1975, ikisema kwamba uhusiano wa kale kati ya makabila ya huko na Sultani wa Morocco haukuwa mamlaka ya kuwanyima watu hao haki ya kujiamulia. Mwaka 1991 vita vikasimamishwa na Umoja wa Mataifa ukapeleka ujumbe wa kuandaa kura. Sensa ya Wahispania ya mwaka 1974 ilikuwa imehesabu watu wapatao 74,000; upande wa Polisario, chama kinachopigania uhuru wa Sahara Magharibi, ukataka hiyo iwe msingi, Morocco ikataka waongezwe maelfu kwa maelfu ya wengine wenye asili ya huko. Ujumbe ule una neno kura katika jina lake, na kura yenyewe haijapigwa.

Abyei, eneo linalogombaniwa na Sudan na Sudan Kusini, ni ndugu wa mfano huo. Machi 2012 Rais Salva Kiir alikuja hapa Lamu, akasimama pamoja na Rais Kibaki na Waziri Mkuu Meles Zenawi kuzindua bandari na barabara za LAPSSET, mradi wa kuiunganisha Lamu na Sudan Kusini na Ethiopia. Alikuja akiwa rais wa nchi iliyozaliwa kwa kura ya Januari 2011, ambapo karibu asilimia 99 ya watu wa Sudan Kusini walichagua kujitenga. Abyei ilikuwa ipige kura yake wakati huo huo. Haikupiga, kwa sababu haikukubaliwa kama wafugaji wa Misseriya, wanaoingia Abyei na mifugo yao kila kiangazi kisha wakaondoka, ni wakaazi au si wakaazi. Wenzetu wa Tana na Garissa mlio hapa hamhitaji nieleze uzito wa swali hilo.

Nirudi nyumbani, kwa kuwa najua wengi wenu mmekuja kusikia habari za Mwambao, yaani ukanda huu wetu wa pwani.

Mwaka 1886 Uingereza na Ujerumani zilikubaliana kwamba nchi ya Sultani wa Zanzibar katika bara ni ukanda wa maili kumi kutoka baharini, ukifika kaskazini mpaka Kipini, pamoja na visiwa vyetu vya Lamu. Tarehe 14 Desemba 1895 Sultani Hamed bin Thuwaini akaukabidhi uendeshaji wa ukanda huo kwa Waingereza kwa malipo ya pauni 11,000 kwa mwaka, mbali na riba ya deni. Mwaka 1920 bara ikawa koloni na ukanda ukabaki himaya, bendera ya Sultani ikiendelea kupandishwa. Uhuru ulipokaribia likazuka swali: ukanda huu ni wa Kenya, ni wa Sultani, au ujitawale wenyewe?

Sir James Robertson aliletwa mwaka 1961 kusikiliza. Alipokea wajumbe na maandishi, na mwishoni mwa mwaka akapendekeza kwamba ukanda uunganishwe na Kenya na mkataba wa 1895 ufutwe. Haikupigwa kura. Serikali zilimaliza jambo London tarehe 8 Oktoba 1963, kufuatia barua za siku chache kabla baina ya Waziri Mkuu Jomo Kenyatta na Waziri Mkuu wa Zanzibar, Mohamed Shamte, na miezi miwili baadaye Kenya ikawa huru.

Kuna wanaosema kwamba hiyo ilikuwa dhuluma kwa kuwa watu wa Mwambao hawakupiga kura. Nakubali kwamba kusikilizwa si sawa na kuamua. Lakini fikirini: kura hiyo ingekuwa na daftari gani? Mstari wa maili kumi ulipimwa kutoka majini na watu wasiowahi kutembea Ganze, ukawakata Wagiriama nusu ndani na nusu nje. Mtu wa kwao aliyelima ndani ya mstari na kumzika babake nje ya mstari angehesabiwa wapi? Na mfanyakazi wa bandari ya Mombasa aliyetoka bara, aliyekwisha kuzaa na kulea mjini, je? Waliodai Mwambao ujitawale walikuwa hasa Waarabu na Waswahili wa miji. Wamijikenda walio wengi, wakiongozwa na Ronald Ngala aliyetaka majimbo ndani ya Kenya, hawakuwa nao. Waliopinga kuunganishwa wangeshindwa katika daftari la ukanda mzima, na pengine wangeshinda katika daftari la mtaa mmoja mmoja. Na wanaotaka leo kufufua mkataba wa 1895 kwa jina la ridhaa ya watu wanasahau kwamba mwaka 1895 hakuulizwa mtu yeyote, si Mgiriama, si Mbajuni, si Muamu.

Kwa maoni yangu kosa la 1963 halikuwa uamuzi wenyewe, bali ahadi zilizoambatana nao na jinsi zilivyowekwa. Kenyatta aliahidi uhuru wa dini, mahakama za makadhi, mafunzo ya Kiarabu kwa watoto wa Kiislamu, maafisa Waislamu pale inapowezekana, na kuheshimiwa kwa hati za ardhi. Ahadi ya makadhi iliingizwa katika katiba na mpaka leo ipo, katika kifungu cha 170. Nyingine zilibaki barua tu. Ile ya ardhi ilikuwa na upungufu wa aina yake: iliwalinda wenye hati, na wenye hati walikuwa wale waliotambuliwa chini ya sheria ya mwaka 1908, huku Wamijikenda na Wabajuni wengi wasiokuwa na karatasi wakabaki wavamizi katika mashamba ya jadi. Kwa hiyo wachache wa siasa walilindwa kwa namna iliyowaumiza wengi wa ardhi, na mahesabu hayo bado tunayalipa.

Kaskazini yetu yalitokea mengine. Mwaka 1962 tume iliwasikiliza watu wa wilaya za mpakani, ikaona kwamba sehemu kubwa, hasa Wasomali, walitaka kwenda na Somalia. Machi 1963 Uingereza ikatangaza kwamba watapewa jimbo lao ndani ya Kenya. Hapo watu waliulizwa, wakajibu, na jibu likawekwa kando. Vita vya shifta vilivyofuata viliendelea mpaka makubaliano ya Arusha mwaka 1967, na hata vijiji vya Wabajuni vya bara, ambavyo havikuwa katika swali hilo kabisa, vilihamwa. Viongozi wa Afrika walipokutana Cairo mwaka 1964 na kuapa kuheshimu mipaka waliyorithi, walikuwa wakiogopa mambo kama hayo. Siwalaumu kwa hofu yao, ila namna walivyoitumia iliwaruhusu wengi wao kutomuuliza mtu yeyote jambo lolote.

Kuhusu bahari nitasema kwa ufupi, kwani najua wavuvi wa Kiunga wangependa niseme zaidi. Mahakama ya Kimataifa ya Haki ilichora mpaka wa Kenya na Somalia baharini tarehe 12 Oktoba 2021, na kwa kuwa maji hayana wakaazi, haki ya kujiamulia haikuwa na nafasi katika shauri hilo. Mnaweza kulalamika, na mna sababu, lakini si kwa hoja ninayoijadili leo.

Linalotuhusu sasa ni mipaka ya kaunti, maana manung'uniko kati yetu na majirani wa Tana River na Garissa yapo. Kifungu cha 188 cha katiba kinasema mpaka wa kaunti haubadilishwi mpaka ipendekezwe na tume huru, kisha ipitishwe na theluthi mbili ya wabunge wote na theluthi mbili ya kaunti katika Seneti. Maoni ya jamii zinazohusika yametajwa miongoni mwa mambo ya kuzingatiwa, pamoja na historia, idadi ya watu na gharama. Tume ya namna hiyo ikija, msikimbilie kukusanya sahihi za wengi. Kaeni kwanza na wenzenu wa upande wa pili mkubaliane kwa maandishi ni vijiji gani vihusike, mfugaji wa msimu anahesabiwa vipi, Mboni anayeishi msituni ambaye hana anwani anahesabiwa vipi, na aliyeshindwa atabaki na nini: malisho, maji, makaburi. Bila hayo, maoni yatakayoandikwa yatakuwa ya pande mbili zilizojihesabu zenyewe.

Kabla sijasimama kijana mmoja aliniuliza kama Mwambao ungeweza kupigiwa kura leo. Kisheria, ndiyo. Kifungu cha 255 kinaitaja mipaka ya nchi ya Kenya kuwa jambo lisiloguswa bila kura ya maoni, ambayo ili ipite ni lazima wajitokeze angalau asilimia 20 ya waliojiandikisha katika nusu ya kaunti, na wengi wa waliopiga kura wakubali. Daftari hilo ni la Wakenya wote, kuanzia Kiunga mpaka Busia. Anayetaka daftari la Mwambao peke yake hajakatazwa kulidai, lakini njia yake inapita kwa Mkenya wa Nyeri, wa Kisumu na wa Turkana, ambao ni lazima kwanza wakubali kwa kura zao kwamba swali hili waachiwe watu wa Mwambao. Na kabla ya hao, kwa jirani yake wa Ganze na wa Garsen, amweleze mstari utapita wapi na yeye atakuwa upande gani.